Hivi kombora linatokaje kwenye nyambizi iliyozama bila kuzimika? Na nani alitangulia, Marekani au Wasovieti?

Kipepeo76

Wakuu salaam. Naombeni msaada, kuna kitu kinanizungusha kichwa wiki nzima sasa. Nimekuwa nasoma mambo ya vita baridi na zile mbio za silaha za nyuklia, mabomu ya kudondoshwa na ndege nayaelewa, makombora ya ardhini yale yaliyofukiwa kwenye mashimo nayaelewa, ila haya ya kwenye nyambizi ndo yananishinda. Roketi ni moto, tena moto mkubwa kweli, na nyambizi ni chuma kilichofungwa pande zote kiko chini ya maji na ndani kuna watu zaidi ya mia. Sasa huo moto unawashwaje humo watu wasiungue, na maji ya bahari yanashindwaje kuuzima?

La pili, sehemu moja nimesoma kwamba tarehe 20 Julai 1960 Marekani walirusha kombora la Polaris kutoka USS George Washington ikiwa imezama na hiyo ndo mara ya kwanza duniani. Pengine nasoma Wasovieti walisharusha tangu 1955. Miaka mitano yote hiyo! Kuna mmoja anadanganya au mimi ndo sijaelewa?

La tatu, kwa nini walihangaika hivyo? Kombora la ardhini limetulia, unajua umelichimbia wapi, fundi akitaka kulikagua anashuka ngazi tu. Nyambizi inayumba, inahama, kuwasiliana nayo shida. Faida yake hasa ilikuwa nini mpaka wakamwaga pesa kiasi kile? Jibuni taratibu jamani, mimi sio mhandisi.

Mzee wa Dira

Umeuliza vizuri mkuu, na la kwanza lina jibu fupi: Polaris haikuwashwa ndani ya nyambizi kabisa.

Ilikuwa hivi. Nyuma ya mnara wa nyambizi kulikuwa na mirija 16 imesimama wima, mistari miwili ya minane minane, kila mrija una kombora lake. Ukifika muda wa kurusha, presha ya ndani ya mrija inapandishwa ilingane na ya maji ya nje, mfuniko mzito unafunguliwa, na pale juu panabaki utando mwembamba tu unaozuia maji yasiingie. Halafu hewa iliyoshindiliwa inaachiwa kwa mkupuo chini ya kombora, nalo linasukumwa juu mzima mzima kama mbegu ya chungwa ukiibana kwa vidole viwili. Linapasua ule utando, linapanda ndani ya maji likiwa limefunikwa na mapovu, linachomoza juu ya bahari, na hapo ndo injini inawaka. Kwa hiyo moto wote uko hewani, nyambizi yenyewe inasikia mtikiso tu na maji kuingia kwenye mrija uliobaki wazi, ambayo kwa kweli ni mazuri maana yanarudisha uzito uliopotea na nyambizi haipandi juu yenyewe. Baadaye hewa ya kushindilia ikaachwa, wakaanza kutumia gesi moto inayopitishwa kwenye maji ili itoke mvuke, ila wazo ni lile lile.

Kuhusu nani wa kwanza, hakuna anayedanganya. Tarehe 16 Septemba 1955 nyambizi ya Kisovieti B-67 ilirusha kombora la R-11FM kwenye Bahari Nyeupe, na hilo kweli ndo kombora la kwanza la balistiki (linalosukumwa mwanzoni tu halafu linaanguka lenyewe kama jiwe) kurushwa na nyambizi. Lakini ilikuwa imeelea juu! Walipanda juu, wakafungua mrija, wakalinyanyua kombora kwa jukwaa mpaka likasimama juu ya mnara, ndo wakawasha. Ilikuwa nyambizi ya dizeli, na masafa ya kombora yalikuwa kama kilomita 150 tu. George Washington ilikuwa ya nyuklia, ilikuwa imezama, na Polaris ile ya kwanza ilifika kilomita 2,200 hivi. Na hiyo siku ya Julai walirusha mbili, ya pili haikupita saa tatu baada ya ya kwanza. Wasovieti nao walikuja kurusha wakiwa wamezama Septemba mwaka huo huo, kwa ile ile B-67. Kwa hiyo unaona, kila mmoja ni wa kwanza kwa kitu chake.

La tatu niachieni nitarudi, mkono umechoka.

Nanga Nzito

Hapo kwenye moto ongeza neno moja mzee wangu, maana ulichoeleza ni njia ya Wamarekani. Wasovieti hawakufanya hivyo. Kombora lao la kwanza kuingia kazini la kurushwa chini ya maji ni R-21, mwaka 1963, masafa kama kilomita 1,400, na lile LILIWASHWA ndani ya mrija. Walikuwa wanaujaza mrija maji ya bahari kwanza, halafu pale chini ya kombora wanaacha nafasi ya hewa kama kengele iliyofunikwa, injini ikiwaka moto unapumulia kwenye hiyo hewa badala ya kugonga maji moja kwa moja, maana bila hiyo nafasi pigo la presha lingepasua kila kitu. Na maji hayauzimi huo moto kwa sababu roketi haivuti hewa ya nje, inabeba kiunguzi chake yenyewe. Ndo jibu la Kipepeo pale aliposhangaa. Mshumaa unazimika kwa kukosa oksijeni, roketi inayo ya kwake tumboni.

Na kabla ya wote hao msisahau Wajerumani. Mwaka 1942 walijaribu viroketi vidogo vikarushwa na nyambizi U-511 ikiwa imezama na vikatoka vizuri tu. Mwishoni mwa vita walikuwa na mpango wa kuiweka V-2 ndani ya kasha kubwa lisiloingia maji, nyambizi inalikokota ikilivuta nyuma, wakifika wanalisimamisha wima baharini na kurusha. Vita vikaisha kabla hawajafika popote. Washindi walizoa wahandisi na michoro, pande zote mbili.

Kipepeo76

Aisee! Hiyo ya kujaza maji kwanza sikuwahi kuiwaza. Sasa swali linazaa swali, kwa nini Wasovieti walichagua njia ngumu hivyo ya kuwasha ndani? Si wangesukuma kwa hewa kama wenzao wakamaliza?

Fundi Sahani

Sababu ni mafuta ndugu yangu, na hapa ndo hadithi yenyewe ilipo, ngoja niseme kwa urefu maana hii sehemu naipenda kuliko zote.

Wamarekani nao hawakuanza na Polaris. Mwaka 1955 jeshi lao la majini lilipewa kazi ya kushirikiana na jeshi la nchi kavu kwenye kombora la Jupiter, ambalo lilitumia mafuta ya taa na oksijeni ya maji. Sasa fikiria oksijeni ya maji ndani ya nyambizi, kitu cha baridi kali kinachochemka muda wote, kikivuja na kikutane na grisi tu mmekwisha. Mabaharia hawakutaka hata kulisikia. Wakajaribu kulibadilisha liwe la mafuta yabisi, yaani makavu yaliyoganda, likawa dude kubwa hivi kwamba nyambizi ya tani 8,500 ingebeba manne tu.

Kilichowaokoa ni vitu viwili vilivyokuja karibu pamoja. Kwanza kulikuwa na wakemia wawili waliogundua kwamba ukichanganya unga wa aluminiamu, tena mwingi sio kidogo kidogo kama watu walivyodhani, kwenye mafuta yabisi, nguvu ya roketi inaruka sana. Pili, kiangazi cha 1956 wataalamu walikutana kwenye kikao kilichoitwa Nobska kule Woods Hole kuzungumzia vita vya nyambizi, na mwanafizikia Edward Teller akauliza kwa nini mnabuni kombora la 1965 kwa kichwa cha nyuklia cha 1958? Maana yake vichwa vinapungua uzito kila mwaka, kwa hiyo pigieni hesabu kichwa kitakachokuwepo siku kombora likiwa tayari, sio kilichopo leo. Hilo ndo liligeuza kila kitu. Kichwa kikiwa chepesi kombora linakuwa dogo, kombora likiwa dogo nyambizi moja inabeba 16 badala ya manne. Polaris ya kwanza ilikuwa na urefu wa mita 8.7 hivi na uzito wa kama tani 13. Kufika Desemba 1956 Jupiter ikaachwa, Polaris ikapewa ruhusa, chini ya Admirali Raborn, ambaye mkuu wa jeshi la majini Arleigh Burke alimkabidhi ofisi maalumu yenye mamlaka ya kuruka foleni karibu zote.

Halafu Oktoba 1957 ikapaa Sputnik, setilaiti ya kwanza duniani, ya Wasovieti, Wamarekani wakachanganyikiwa, ratiba ikavutwa mbele kwa miaka. Hawakuwa na muda wa kujenga nyambizi mpya kuanzia mwanzo, kwa hiyo wakaichukua nyambizi ya mashambulizi iliyokuwa imeshaanza kujengwa kule Groton, wakaikata katikati, wakachomeka kipande cha karibu mita 40 chenye ile mirija 16, wakaunga tena. Hiyo ndo George Washington. Iliingia jeshini tarehe 30 Desemba 1959, na doria yake ya kwanza ya kuanzia Novemba 1960 ilikaa chini ya maji siku 66.

Wasovieti wao walibaki na mafuta ya maji kwa miaka mingi kwa sababu kemia yao ya mafuta yabisi ilichelewa, na pia kwa sababu walikuwa na watu hodari mno wa injini za mafuta ya maji. R-11FM ilikuwa ya mhandisi Korolev, yule yule wa Sputnik, halafu akamkabidhi kijana wake Viktor Makeyev kazi yote ya makombora ya baharini na Makeyev akaifanya kwa miaka 30 kule Milima ya Ural. Sipendi watu wanapowadharau hawa. Mafuta ya maji yana nguvu zaidi kwa kila kilo, na Makeyev aliyashindilia kiwandani kombora likafungwa moja kwa moja kama kopo, injini ikazamishwa ndani ya tangi lenyewe la mafuta ili kombora liwe fupi liingie kwenye mrija. Huo ni ufundi wa hali ya juu sana.

Bi Mawimbi

Fundi umesema vizuri ila ufundi huo mabaharia waliulipia, na mimi naona ni lazima tuwataje.

Yale mafuta ya maji yalikuwa ya aina mbili zinazowaka zikigusana tu, huhitaji hata kiberiti. Moja ni sumu na nyingine ikichanganyika na maji inageuka asidi. Sasa weka hivyo vitu ndani ya mrija uliozungukwa na bahari. Tarehe 3 Oktoba 1986 nyambizi K-219 ilikuwa Atlantiki upande wa Bermuda, maji ya bahari yakaingia kwenye mrija mmoja, yakakutana na kile kiunguzi, mrija ukalipuka. Mabaharia wakafa kwa mlipuko na moshi wa sumu. Halafu mtambo wa nyuklia ukawa hauzimiki wenyewe, ikabidi mtu aingie azishushe fito za kuuzima kwa mkono. Aliingia Sergei Preminin, baharia kijana wa miaka 20 tu. Aliimaliza kazi. Alipotaka kutoka mlango ukagoma kwa sababu presha ilikuwa imepanda upande wa pili, akafia humo humo. Nyambizi ikazama siku tatu baadaye, tarehe 6.

Na kabla ya hapo K-19, moja ya nyambizi zao za kwanza za nyuklia zenye makombora, Julai 1961 mfumo wa kupoza mtambo ulipasuka na wanane waliokwenda kuutengeneza wakafa ndani ya wiki chache kwa mionzi. Na K-129 ilizama Pasifiki Machi 1968 na watu 98, mpaka leo sababu inabishaniwa, Wamarekani wakaijengea meli nzima ya siri kwenda kuiokota 1974 na wakapata kipande tu.

Nikisoma hizi habari za masafa na tani huwa nawakumbuka hawa kwanza.

Kipepeo76

Dada umenigusa sana na huyo Preminin. Miaka 20.

Asanteni wote, sasa naelewa. Mzee wa Dira tunakusubiri na lile la tatu. Kwa nini baharini?

Mzee wa Dira

Nimerudi. Kwa nini baharini: kwa sababu kila kitu cha ardhini adui anajua kilipo.

Uwanja wa ndege za mabomu haufichiki. Shimo la kombora halihami, setilaiti ikishalipiga picha mara moja limeshajulikana milele. Sasa ukiwa kiongozi na unajua mwenzako anaweza kuamka asubuhi akavipiga vyote kwa pamoja, kila ukiona alama ya ajabu kwenye rada unajiuliza nirushe sasa hivi kabla sijapigwa au nisubiri? Dakika chache za kuamua mambo ya dunia nzima. Nyambizi inaondoa hiyo haraka. Hata ukinipiga kila mahali, kuna meli kadhaa huko chini huzioni na zitajibu, kwa hiyo kunivizia hakuna faida. Marekani walijenga 41 za namna hiyo kati ya 1959 na 1967, kila moja na vikosi viwili vya mabaharia, cha bluu na cha dhahabu, hawa wakirudi wale wanatoka, ili meli ikae baharini muda mwingi kuliko binadamu anavyoweza kuvumilia.

Ila sasa nataka mwone ugumu wenyewe ulipokuwa, maana wote mmeongelea roketi, na mimi jina langu mnaliona. Kombora la ardhini linajua lilipo, mpima ardhi alishaweka alama. Kombora la nyambizi linaanza safari kutoka sehemu ambayo nahodha mwenyewe hana hakika nayo. Kombora la balistiki ni kama jiwe, linasukumwa dakika chache za mwanzo halafu linaanguka lenyewe njia yote iliyobaki, kwa hiyo ukikosea ulipo kwa kilomita tano na jiwe litakosea kilomita tano, hakuna wa kulirekebisha. Na nyambizi iliyojificha haiwezi kupanda juu kuangalia nyota kila saa.

Jibu lilikuwa mtambo wa jairoskopu na vipima mwendo, unahisi kila mtikisiko na kila kona meli inayokata, unajumlisha, unajumlisha, siku nzima, na kukupa ulipo bila kuangalia nje kabisa. Kazi ya Charles Draper na watu wake wa MIT ilikuwa msingi mkubwa hapo. Tatizo ni kwamba kosa dogo linajumlishwa pia, kidogo kidogo linakua, siku zikipita mtambo unaanza kukudanganya. Lazima upate pa kujisahihisha.

Na hapa sikilizeni. Sputnik ilipopita juu mwaka 1957 vijana wawili wa maabara moja ya Chuo Kikuu cha Johns Hopkins walikaa wakasikiliza mlio wake, wakaona sauti inapanda ikija na kushuka ikiondoka, kama honi ya gari linalokupita, na kutokana na hilo tu wakaweza kukokotoa njia ya setilaiti wakiwa wamekaa chumbani. Mkuu wao mmoja akageuza swali: kama ukijua mlipo unaweza kupata setilaiti ilipo, basi ukijua setilaiti ilipo unaweza kupata wewe ulipo? Ndo ukazaliwa mfumo wa setilaiti wa Transit, ya kwanza kufanikiwa kufika angani ni Aprili 1960, ikaanza kazi kamili 1964, na mteja aliyelengwa tangu mwanzo ni nyambizi za Polaris. Nyambizi inachomoza antena dakika chache, inasikiliza, inasahihisha mtambo wake, inazama tena.

Kwa hiyo Korolev, aliyelifanya kombora la kwanza la nyambizi ya Kisovieti, ndo huyo huyo aliyerusha setilaiti iliyowafundisha Wamarekani kuelekeza makombora ya nyambizi zao. Kila nikiifikiria hii nashangaa upya.

Nanga Nzito

Hii ya Korolev na Transit nilikuwa sijawahi kuziunganisha, asante mzee.

Niongezee ya masafa maana ndo yalibadilisha ramani yote ya bahari. Polaris ya kwanza kilomita 2,200, ya pili kama 2,800, ya tatu iliyokuja 1964 kilomita 4,600. Unaona ni namba tu ila maana yake ni maji ya kujifichia. Kwa masafa mafupi ilibidi nyambizi za Marekani zikae Bahari ya Norway na Mediterania, ndo maana wakaweka kituo Holy Loch kule Scotland tangu 1961 ili zisipoteze wiki kuvuka Atlantiki. Masafa yakizidi mara mbili, eneo la bahari linazidi karibu mara nne, adui atafute wapi?

Upande wa pili Wasovieti waliumia zaidi. Nyambizi zao za 667A zilizoanza kazi 1967 zilibeba 16 kama wenzao lakini kombora lao R-27 lilifika kilomita 2,400 tu, kwa hiyo zililazimika kutoka kaskazini kabisa zipite kati ya Greenland, Iceland na Uingereza ndo zifike karibu na pwani ya Marekani, na pale njiani Wamarekani walikuwa wametandika vinasa sauti chini ya bahari, nyambizi zenye kelele zikasikika kirahisi. Ndipo Makeyev akatoa R-29, ikaingia kazini 1974, kilomita 7,800! Ghafla hakuna haja ya kupita popote. Nyambizi inakaa Bahari ya Barents, jirani na nyumbani, inalindwa na meli zao na ndege zao, na inafika Marekani kutoka hapo hapo. R-29 iliangalia hata nyota ikiwa njiani ili kujisahihisha, kwa hiyo lile tatizo la mzee la kutojua ulipo likapungua sana. Marekani walifika masafa ya aina hiyo na Trident ya kwanza 1979.

Na walipokuja kupata mafuta yabisi ya maana, R-39, likawa zito ajabu, tani kama 90 kwa kombora moja, karibu mara saba ya Polaris ya kwanza. Ndo sababu wakajenga zile nyambizi kubwa kuliko zote duniani, mradi 941, tani 48,000 zikizama. Watu wanadhani walitaka sifa. Hapana, walikuwa na makombora 20 ya tani 90 na lazima yakae mahali.

Kipepeo76

Nimekaa nasoma hii mada mara mbili. Sasa nina la mwisho na naombeni msichoke. Vichwa vya nyuklia, mitambo, setilaiti, yote sawa, lakini kuna mtu aliwahi kuhakikisha kwamba vingefanya kazi kweli? Yaani siku ile ingefika, ni nani alijua kwamba mirija yote ingefunguka na kila kitu kingetokea kama kwenye karatasi? Na amri yenyewe ingewafikiaje huko chini?

Bi Mawimbi

Amri kwanza. Redio ya kawaida haipenyi maji ya chumvi. Mawimbi marefu sana yanapenya mita chache, kwa hiyo nyambizi inaburuta waya mrefu karibu na uso wa maji na kusikiliza, na Marekani walikuwa na ndege maalumu zinazoruka zikiburuta waya wa kilomita kadhaa kurusha hayo mawimbi endapo vituo vya nchi kavu vingepigwa. Baadaye wakajenga mtambo wa mawimbi marefu kupita kiasi kule Wisconsin na Michigan, hezi 76, uliopenya zaidi ya mita mia lakini herufi chache zilichukua dakika nyingi, kazi yake ilikuwa kumwambia nahodha panda juu kuna ujumbe, mpaka ulipozimwa 2004. Wasovieti walikuwa na wa kwao wa hezi 82. Waingereza, ambao walipata Polaris baada ya waziri mkuu wao Macmillan kukubaliana na Rais Kennedy wa Marekani kule Nassau Desemba 1962, wana kitu kingine: kila waziri mkuu mpya anaandika barua kwa mkono wake, inafungiwa kwenye sefu ndani ya nyambizi, ifunguliwe tu kama nchi imeshapotea na hakuna tena wa kutoa amri. Akiondoka madarakani barua yake inachomwa bila kusomwa.

Fundi Sahani

Kuhusu kufanya kazi kweli, wote wawili walijaribu kwa kichwa halisi. Wasovieti tarehe 20 Oktoba 1961, R-13 ikarushwa na nyambizi mpaka visiwa vya Novaya Zemlya kule kaskazini ikalipuka. Marekani tarehe 6 Mei 1962, USS Ethan Allen ikarusha Polaris Pasifiki upande wa Christmas Island, ikalipuka, na hilo ndo jaribio lao pekee la aina hiyo tangu kurushwa mpaka mlipuko.

Lakini sikia hii. Kile kichwa cha Polaris, W47, kilikuwa na waya wa usalama ndani yake, unatakiwa kuvutwa na mota ndogo kabla ya kulipuka. Katikati ya miaka ya 60 wakagundua kwamba kwenye vichwa vingi sana waya ungekwama au kukatika, na kichwa kingeanguka kikiwa jiwe tu. Nyambizi zilikuwa doria miaka yote hiyo, mabaharia hawajui, Moscow hawajui, na hofu ikafanya kazi yake vile vile.

Na la mirija yote kufunguka: mkataba wa 1972 wa kuweka kikomo cha silaha za nyuklia uliwapa Marekani nyambizi zisizozidi 44 na mirija 710, Wasovieti 62 na mirija 950, na hakuna aliyekuwa amewahi kuona nyambizi moja ikimwaga makombora yake yote 16 kwa mkupuo. Wasovieti walijaribu 1989 ikashindikana. Wakarudia tarehe 6 Agosti 1991 kwa nyambizi K-407 Novomoskovsk, imezama, katika Bahari ya Barents, bila vichwa vya nyuklia. Makombora 16 yalitoka moja baada ya jingine, halikubaki hata moja kwenye mrija, na kazi yote haikufika dakika nne. Desemba mwaka huo huo nchi iliyoijenga ikawa haipo tena.